Maswali yanayoulizwa mara kwa mara: karakana ya sanaa ya viumbe hai na kompyuta, Tanga

Karakana yetu ipo Ngamiani na mlango wake unatazama barabara. Anayepita akasikia mlio, akachungulia na kuona waya zimebandikwa kwenye majani, lazima asimame aulize. Nimekuwa nikijibu yale yale, siku nyingine mara tano kwa asubuhi moja, basi nimeona niyaandike. Nimeyaacha kama yanavyoulizwa, hata yale yanayoulizwa kwa ukali. Jibu likiwa limeshatolewa penginepo nitakuelekeza huko.

## Ya mwanzo

Hii ni sanaa, sayansi au kilimo?

Sanaa. Tunatumia mimea, uyoga na mwani kama mchongaji anavyotumia mpingo, ila mpingo wake umeshakatwa na wetu bado unakunywa maji. Hapo tunaongeza vihisi, yaani vifaa vidogo vinavyopima unyevu, joto, mwanga au umeme, na kompyuta inayogeuza vipimo hivyo kuwa sauti, picha au mwendo.

Sayansi tunaiazima. Mwanasayansi anatafuta jibu ambalo mwenzake wa Morogoro akirudia kazi ile ile atalipata vile vile. Mimi nikimpata mtu akasimama mbele ya jani moja dakika kumi, siku yangu imekwisha vizuri. Kilimo nacho kipo, tena kingi kuliko watu wanavyodhani: kaa nasi wiki moja uone, siku nne ni za kumwagilia, kuchemsha mabaki ya mkonge na kupigana na sisimizi, na moja tu ndiyo ya kompyuta.

Je, huo mmea unaimba kweli?

Hapana. Nitajibu kirefu kwa sababu hili ndilo swali lenyewe.

Tunabandika vibandiko viwili, vile vile vinavyotumika hospitalini kupimia moyo, kimoja kwenye jani na kingine karibu na shina. Kati yake tunapitisha umeme mdogo mno. Ndani ya mmea mna maji na chumvi, na umeme unapita humo kwa wepesi au kwa shida kulingana na hali ya wakati ule: jani limeguswa, udongo umekauka, jua limeingia dirishani, mtu amesogea. Kifaa kinapima mabadiliko hayo na kutoa namba. Mpaka hapo ni kazi ya mmea. Kuanzia hapo ni kazi yangu. Mimi ndiye niliyeamua namba ikipanda sauti iwe nyembamba, mimi niliyechagua mlio wa zumari badala ya piano, na mimi niliyezifungia nje noti zinazokera. Ungenipa namba za watu waliopanga foleni benki, ningekutolea muziki pia.

Wapo wanaouza vifaa vya namna hii wakisema mmea unatoa hisia zake. Sisi hatusemi hivyo. Mabadiliko ni ya kweli, sauti ni ya kutungwa. Ukitaka kuyaona mabadiliko bila mapambo, omba tuzime spika utazame mstari peke yake kwenye kioo cha kompyuta. Wazee wengi wanaupenda ule mstari kuliko muziki. Na kama unataka kujua kifaa hiki kinavyoweza kumdanganya mtu, soma swali la mwisho kabisa.

Kuna mtu ndani? Ni jini?

Kisanduku kinafunguliwa mbele ya yeyote anayetaka. Ndani mna bodi ndogo kama kiberiti, betri na waya. Bibi mmoja wa jirani alikaa wiki mbili anatusalimia kutoka barabarani, hataki kuvuka kizingiti. Siku alipoingia alikigusa kifauwongo, ule mmea unaolaza majani ukiguswa, kwa ncha ya kidole. Majani yakasinyaa na sauti ikashuka kwa pamoja. Akavuta mkono, akanitazama: "Kumbe na sauti yake nayo inakufa uwongo!" Sasa huleta wajukuu, na maelezo anatoa yeye.

Kwa nini Tanga, si Dar es Salaam?

Kwa sababu malighafi iko hapa. Mkonge uko nyuma yetu, bahari mbele yetu, milima ya Usambara pembeni. Kodi ya chumba nayo inasaidia.

## Viumbe tunaofanya nao kazi

Mnatumia viumbe gani?

Kifauwongo ndicho kinachovuta watu. Ukikigusa, ishara ya umeme husafiri ndani ya kikonyo kwa mwendo wa sentimita 2 au 3 kwa sekunde. Inapofika kwenye kifundo cha jani, seli za upande mmoja humwaga maji, na jani linalala. Huhitaji kuniamini mimi: gusa jani dogo la mwisho kabisa kwenye ncha, kisha tulia uangalie yanavyojifunga jozi moja baada ya nyingine kuelekea shinani. Hiyo ndiyo ishara unayoiona ikitembea. Jagadish Chandra Bose wa Bengal alikuwa akiupima umeme wa mmea huu mwanzoni mwa karne ya 20, kwa vyombo alivyovibuni mwenyewe, kabla kompyuta haijazaliwa.

Baada ya hapo ni uyoga mamama, mkonge, mwani, na mche mmoja wa mchu uliojiotea kwenye ndoo ya matope tuliyoileta kwa kazi nyingine. Mchu ni mkoko unaotoa chumvi kupitia majani. Asubuhi kabla jua halijawa kali utaona punje zinang'aa juu ya jani. Watoto hulamba, na hatuwakatazi.

Wanyama hatutumii. Mjusi wa dukani ni mpangaji tu.

Mbona mkonge mnautaja kila mahali?

Kwa sababu mkoa huu umesimama juu yake. Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliagiza vichipukizi 1,000 vya mkonge kutoka Florida, vikapitia Hamburg, na vilivyofika hai Pangani vilikuwa 62. Kilimo cha mkonge cha Tanga kilianzia kwenye hiyo 62. Asili ya mmea ni Meksiko, na kifauwongo nacho ni mgeni kutoka Amerika ya kitropiki. Tunajisifu kuwa Tanga ni waja leo waondoka leo, lakini hawa wawili walikuja na hawakuondoka.

Kazi yetu ndefu kuliko zote ni ya mkonge. Mmea huu huchanua mara moja tu: baada ya miaka mingi ya kukatwa majani huinua mlingoti mrefu kuliko nyumba, hutoa maua na vichipukizi, kisha hufa. Tumesimamisha kamera ndogo mbele ya mkonge mmoja ulioanza kutoa mlingoti, inapiga picha moja kila alfajiri. Picha zinapangwa na kompyuta na kuoneshwa ukutani, moja kwa kila siku. Haiharakishwi. Watu wanalalamika kuwa haina mwendo, nami huwaambia warudi Jumatano.

Na hayo makapi mnayochemsha?

Jani la mkonge likipita kwenye korona, yaani mashine ya kuchakatia mkonge, linatoa singa, ndizo nyuzi zake, kiasi cha sehemu 4 au 5 tu kwa kila 100 za uzito wake. Kilichobaki ni maji na makapi ya kijani yenye harufu ambayo mtu yeyote aliyekulia karibu na kiwanda anaijua. Sehemu kubwa hutupwa. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walichapisha mwaka 2008 namna ya kuotesha uyoga juu ya makapi hayo, na sisi tumefuata njia hiyo hiyo: tunayaozesha kidogo, tunayachemsha kwenye pipa, tunayapoza, tunachanganya na mbegu ya uyoga, tunajaza mifuko na kuiweka gizani mpaka yageuke meupe. Kisha tunayatoa kwenye mifuko. Utando wa uyoga huwa umeshayashika makapi yakawa tofali jepesi, na matofali hayo ndiyo tunayojengea maumbo. Ukuta unaouona karibu na dirisha haukutumia gundi hata tone.

Uyoga nao una umeme?

Unao. Andrew Adamatzky, mtafiti wa Bristol, Uingereza, alichapisha mwaka 2018 vipimo vya uyoga wa jamii ya mamama vilivyoonesha mapigo ya umeme, mengine yakirudi kila baada ya dakika 2 na nusu hivi, mengine kila dakika 14. Maana yake kwetu ni kwamba uyoga hauwezi kufanyiwa muziki wa kuchezwa. Pigo moja kila dakika mbili na nusu, au kila robo saa, ni mwendo wa saa ya msikitini. Kwa hiyo hatukuupa sauti, tumeupa taa: inawaka polepole na kuzima polepole, na mtu aliyekaa kwa kikombe kizima cha kahawa ataiona ikibadilika mara tatu nne.

Mbona mwani haupo karakanani?

Tulijaribu, ukatufia mara mbili. Mwani unataka maji ya bahari yanayotembea, chumvi isiyopungua na jua, na tangi letu la plastiki halikuwa na hata kimoja cha kujivunia. Akina mama wanaolima walitucheka tulipowahadithia, kisha mmoja akasema, "Mwanangu, mbona usiupeleke huo mtambo wako kwa mwani?"

Ndivyo tulivyofanya. Sasa mtambo uko baharini, umefungwa ndani ya galoni lililozibwa kwa silikoni na kukazwa kwenye vigingi vile vile vinavyoshika kamba za mwani. Unapima joto la maji na mwanga. Wakati wa bamvua, maji yakikauka na wakulima wakishuka shambani, tunashuka nao na kuchukua kumbukumbu. Namba hizo tunazisuka kwenye mkeka: ukindu wa rangi nyekundu kwa siku zenye maji ya moto, wa rangi ya asili kwa siku za kawaida. Hakuna haja ya kompyuta kuusoma. Mama anayejua siku gani kotonii yake, aina ya mwani anayolima, ilianza kuwa nyeupe na kukatika anaweka kidole kwenye mstari mwekundu na kuniambia ilikuwa hapa. Kwangu mimi hii ndiyo kazi bora tuliyowahi kufanya, na ndiyo ambayo wageni wanaipita haraka kuliko zote kwa sababu hailii.

Mna silikanti?

Hatuna na hatutakuwa naye. Tangu 2009 Tanga ina hifadhi ya bahari inayobeba jina la samaki huyo, na analindwa kimataifa.

Mimea inaumia mnapoigusa na kuibandika waya?

Maumivu kama ya mtu au mbuzi yanahitaji neva na ubongo, na mmea hauna. Lakini kuguswa kuna gharama. Kifauwongo kikilala hakipati mwanga wa kutosha wa kujitengenezea chakula, na huchukua dakika kumi na zaidi kufunguka tena. Kikiguswa kutwa nzima kinadhoofika. Mwaka 2014 Monica Gagliano na wenzake walichapisha jaribio la kukiangusha kifauwongo mara nyingi mfululizo: baada ya muda kiliacha kujifunga, kana kwamba kimejua kuwa hakuna hatari. Wanasayansi bado wanabishana kama huko ni kujifunza.

Sisi tuna vyungu sita na zamu. Chungu kimoja kinafanya kazi siku moja, vitano vinapumzika uani.

Kiumbe akifa katikati ya maonyesho mnafanya nini?

Tunaandika kwenye kibao kwamba amekufa, na tarehe. Hatumbadilishi usiku kimyakimya kama samaki wa hotelini.

Yamewakuta na wakubwa. Oron Catts na Ionat Zurr, wenye makao yao Perth, Australia, walikuza koti dogo sana kutokana na seli hai. Mwaka 2008 lilipokuwa kwenye jumba la makumbusho la MoMA, New York, seli zilikua kupita chombo chake na ikabidi chakula kikatwe, yaani kazi ya sanaa iuawe kabla ya onyesho kwisha. Sisi hatujafika huko. Letu lilikuwa ukumbi mmoja ambapo mtu mwema aliacha kiyoyozi kikiwaka usiku kucha, na asubuhi uyoga ulikuwa mgumu kama soli ya kandambili.

## Mitambo

Vifaa mnatoa wapi, na ni ghali?

Bodi za Arduino na ESP32, yaani zile kompyuta ndogo za ndani ya kisanduku, tunaagiza Dar es Salaam na zinafika na basi. Vibandiko vinauzwa maduka ya vifaa vya hospitali. Kulehemu tunafanyiwa na fundi redio wa mtaa wa pili, ambaye mwanzoni alituona wendawazimu na sasa ana kifauwongo chake. Spika ni za redio zilizokufa. Programu tunazotumia kutengeneza sauti ni za bure. Ghali ni kompyuta, na hiyo pia ni ya mkononi, ya zamani, ina ufunguo mmoja uliong'oka.

Umeme ukikatika?

Bodi inaendelea kwa pawabenki. Ikiisha nayo, kinachozimika ni sehemu yangu tu. Tatizo kubwa kuliko umeme ni hewa yetu: wakati wa masika unyevu unatanda juu ya waya na vibandiko, na namba zinarukaruka bila mmea kuhusika. Miezi miwili ya kwanza nilidhani mimea imefurahia mvua. Siku hizi tunapaka nta kwenye maungio, na namba za siku za mvua kubwa hatuzitumii.

Lazima kuwe na intaneti?

Kwa kazi zetu nyingi, hapana. Bando likiisha hakuna kinachobadilika.

Ila ipo kazi ya mtu mwingine ambayo bila intaneti isingekuwepo, na ndiyo iliyonitia mimi katika mambo haya. Eduardo Kac, mzaliwa wa Rio de Janeiro, mwaka 1996 alionesha mjini New Orleans mbegu iliyopandwa ndani ya chumba chenye giza. Juu yake alining'iniza projekta. Watu wa nchi mbalimbali walielekeza kamera zao angani, mwanga wa anga zao ukasafiri kwa intaneti na kushuka kupitia projekta ile, na mche ukaota kwa mwanga huo tu. Enzi zile intaneti yenyewe ilikuwa ikitambaa. Nilipoisoma habari hiyo nilitoka nje nikatazama jua letu la saa saba mchana, likimwagika bure.

Mnatumia akili bandia?

Kidogo, kupanga picha za mlingoti. Kuhusu akili bandia na viumbe, kazi ninayopenda kuitaja inagusa jirani zetu wa Kenya: Sudan, faru mweupe wa kaskazini dume wa mwisho, alikufa Ol Pejeta mwezi Machi 2018. Mwaka uliofuata msanii wa Uingereza Alexandra Daisy Ginsberg alionesha faru wa kompyuta mwenye ukubwa wa faru halisi, anayejifunza kutembea ndani ya chumba cheupe. Anazidi kufanana na faru, halafu anapotea. Mtu aliyewahi kumwona faru wa kweli ataniambia kama huyu anatosha.

## Wenzetu wa nje

Ni kweli kuna msanii alitengeneza sungura wa kijani?

Nusu kweli. Ni huyo huyo Kac. Mwaka 2000 alitangaza sungura aitwaye Alba, aliyezaliwa katika maabara ya serikali ya Ufaransa akiwa na kinasaba cha kiwavi-bahari, kile kinachotoa protini inayong'aa kijani. Alba mchana alikuwa mweupe kama sungura mwingine. Ilibidi amulikwe kwa mwanga wa buluu ndipo ang'ae. Kac alitaka kwenda kuishi naye nyumbani Chicago, maabara ikakataa kumtoa, na hakuwahi kumpata. Picha za kijani kibichi zinazozunguka kwenye simu zenu zimewapoteza wengi.

Protini yenyewe haikuwa mzaha: mwaka 2008 wanasayansi watatu walipata Tuzo ya Nobel ya kemia kwa ajili yake, kwa kuwa inasaidia kuona kinachoendelea ndani ya seli hai.

Nani alianza sanaa hii?

Inategemea unahesabu nini. Mwaka 1936 mpiga picha Edward Steichen alionesha maua aliyoyazalisha mwenyewe katika jumba la MoMA, bila kompyuta wala waya. Mwaka 1992 Christa Sommerer na Laurent Mignonneau walipanga vyungu vya mimea halisi mbele ya kioo kikubwa. Ukiugusa mmea, mimea ya kompyuta inaota mbele yako. Karakana yetu ni mjukuu wa kazi hiyo. Jina lenyewe la sanaa ya uhai Kac alilitumia mwaka 1997, alipojichoma kijidude cha utambulisho kwenye kifundo cha mguu na kujiandikisha kwa intaneti kwenye daftari la wanyama, yeye mwenyewe akiwa mnyama na mwenye mnyama.

Ninyi mtabadilisha vinasaba?

Hapana. Kwanza hatuna maabara wala elimu hiyo. Pili, nchini kuna kanuni za usalama wa bayoteknolojia tangu 2009, na Novemba 2018 serikali iliagiza hata majaribio ya mazao yaliyobadilishwa vinasaba yasimame. Tatu, sioni haja. Kifauwongo cha kawaida bado kinanishinda.

## Dini, sheria na adabu

Huku si kumwingilia Muumba?

Nimeulizwa na shehe, nimeulizwa na mchungaji, na wote wawili walikuwa na haki ya kuuliza. Tunachofanya hakimbadilishi kiumbe. Kinapotolewa kibandiko, mmea ni ule ule. Ukipanda muhogo umeingilia zaidi.

Kwa kazi za kugusa vinasaba swali ni zito, na wasanii wenyewe wanalijua. Mwaka 1999 Kac alichukua aya ya kitabu cha Mwanzo inayompa mwanadamu mamlaka juu ya samaki, ndege na kila kiendacho juu ya nchi, akaigeuza kuwa herufi za vinasaba na kuiweka ndani ya bakteria. Watu waliweza kwa intaneti kuwasha taa iliyowabadilisha bakteria wale, na aya ikabadilika herufi. Kila mtazamaji alijikuta na swali: nibonyeze au niache? Mchungaji nilipomsimulia alikaa kimya, kisha akasema angeacha. Shehe naye alisema angeacha. Mimi, nakiri, ningebonyeza.

Mna vibali?

Msanii hujisajili BASATA, Baraza la Sanaa la Taifa. Ukivuka kuingia utafiti, hasa pamoja na mgeni, uliza COSTECH, Tume ya Taifa ya Sayansi na Teknolojia, kabla hujaanza. Mikoko usikate hata tawi bila kwenda kwa watu wa misitu, TFS. Mche wetu wa mchu ulitulazimu kwenda kujieleza.

Usidharau karatasi. Mwaka 2004 huko Buffalo, Marekani, msanii Steve Kurtz alipiga simu ya dharura mkewe alipofariki usingizini kwa ugonjwa wa moyo. Waliokuja kusaidia waliona vyombo vyake vya maabara na bakteria wasio na madhara, na mfiwa akajikuta anachunguzwa kama gaidi. Kesi ilifutwa 2008.

Naweza kuchukua mmea wa porini kule Amani, kwenye milima ya Usambara, nikafanyia sanaa?

Usichukue. Mwaka 1892 ofisa wa Kijerumani, Walter von Saint Paul-Illaire, alipeleka kwao mbegu za ua dogo la zambarau alilolikuta huku kwetu. Leo ua hilo liko kwenye madirisha ya nusu ya dunia, na jina la saintpaulia lililopewa limetokana na jina lake yeye, na huku kwetu makazi yake ya porini yanapungua. Kwenye vitalu vya mjini utapata mimea tele.

## Kununua, kukodi, kujifunza

Mnakodisha kwa harusi?

Tulikwenda moja. Mikono mia tatu iliugusa mmea kabla ya wali, na spika za mshereheshaji zikafunika sauti iliyobaki. Hatukodishi.

Nikinunua kazi, ninanunua nini hasa?

Unanunua kifaa, programu, mmea wa kuanzia, na karatasi ya matunzo utakayotia saini. Usipomwagilia, mmea utakufa na hatutarudisha fedha. Tutakupa mche mwingine mara moja, ya pili unalipa.

Hakimiliki ya muziki ni ya mmea au yako?

Yangu, kwa sababu zilizoelezwa kwenye swali la mmea kuimba. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua mtunzi kuwa ni mtu.

Naweza kula uyoga wa maonyesho?

Ule usiochomekwa waya, ndiyo, na ni mtamu kwa nazi. Uliochomekwa unakwenda shimoni, kwa kuwa sijui shaba imeingia kiasi gani.

Mwanangu anataka kuanza. Aanzie wapi?

Aanze na chungu kimoja na daftari, bila umeme wowote. Kwa mwezi mmoja aandike kila siku saa jani linapofunguka na linapolala. Watoto wengi huacha siku ya tisa, na hilo huokoa fedha za mzazi. Akifika mwisho wa mwezi aje. Jumamosi asubuhi tunafundisha kuunganisha kihisi cha unyevu, ambacho ni rahisi na hakimshtui mtu. Akipenda zaidi sauti na jukwaa kuliko mimea, TaSUBa, chuo cha sanaa cha Bagamoyo, ndiyo njia yake.

Mmea ukifa, kifaa kinaendelea kulia?

Ndiyo, na nililigundua kwa aibu. Nilikwenda msibani Korogwe siku nne wakati wa kaskazi. Kijana niliyemwachia alimwagilia udongo kila jioni kama nilivyomwagiza, lakini chungu alikuwa amekisogeza juani. Niliporudi kifauwongo kilikuwa cha kahawia, kimekauka kama chai, na spika ikilia taratibu, zumari lile lile. Watu wawili walikuwa wamesimama wanasikiliza. Mmoja akaniambia leo unaimba kwa huzuni.

Umeme ulikuwa unapita kwenye shina lililolowa na udongo wenye maji. Usiku ule nilichukua taulo, nikaliloweka, nikalibandika vibandiko viwili. Likaimba.

Tangu siku hiyo, kila maonyesho yana meza mbili. Ya kwanza ina mmea, ya pili ina kitambaa kilicholowa kwenye sahani, na kifaa ni kile kile, sauti ni ile ile. Kibao cha mbele kinamwambia mtazamaji asikilize vyote, kisha aguse vyote. Kitambaa hakisinyai, na ukikiacha dakika kumi namba zake zinashuka tu mfululizo kadiri kinavyokauka, wakati za mmea zinapanda na kushuka. Tofauti hiyo ndiyo tunayowaonesha watu. Kuitambua kunachukua muda, na wengine hutoka bila kuitambua. Kitambaa kinahitaji maji kila baada ya saa mbili, na zamu ya kukilowesha ni ya mwanafunzi aliyefika wa mwisho asubuhi.